Jumatano: Waliolala Bila Alama

Soma Ayubu 19:23–27. Ayubu alitamani maneno yake yachongwe wapi? Tumaini lake lilisimama juu ya nini?

Kuanzia karne ya pili, Wakristo wa Roma waliwazika wafu wao katika katakombu, yaani njia ndefu zilizochimbwa chini ya ardhi katika mwamba laini. Miili ililazwa katika nafasi zilizokatwa ukutani, moja juu ya nyingine, kisha zikazibwa kwa mawe au matofali. Juu ya mawe hayo walichonga nanga, samaki, njiwa, au mchungaji aliyebeba kondoo. Makaburi yao waliyaita kwa neno la Kiyunani lenye maana ya mahali pa kulala. Aliyelala hutarajiwa kuamka.

Soma Yohana 11:11–14 na 1 Wathesalonike 4:13–16. Kwa nini kifo kinaitwa usingizi?

Karne nyingi baadaye, Mkristo Mwafrika naye alichonga alama ya kaburi. David Livingstone alipofariki Mei 1873 kijijini kwa Chitambo, katika nchi ambayo leo ni Zambia, wenzake walizika moyo wake chini ya mti. Jacob Wainwright alisoma ibada ya maziko, akachonga jina na tarehe katika shina. Kisha Chuma, Susi na wenzao waliubeba mwili. Oktoba walifika Kwihara, karibu na Tabora, wakashauriwa wauzike hapo. Walikataa, wakafuata njia ya misafara hadi Bagamoyo.

Mti ule ulizeeka. Mwaka 1899 ulikatwa, na kipande chenye maandishi kikapelekwa London. Wainwright mwenyewe alifariki mwaka 1892 huko Urambo, magharibi ya Tabora.

Lakini kando ya njia ile ile walilala wapagazi na watumwa wengi ambao hakuna aliyechonga majina yao popote. Waliishiwa nguvu, msafara ukaendelea. Je, Mungu amewasahau?

Soma Isaya 49:15, 16 na Yohana 5:28, 29. Ayubu alianza kwa kutamani mwamba, akamalizia kwa Mkombozi aliye hai. Jiwe huwakumbusha walio hai. Mungu hahitaji kukumbushwa. Hata leo zipo familia zisizo na uwezo wa kujengea kaburi kwa saruji, na wengine hawajui kabisa ndugu yao alizikwa wapi. Huzuni yao ni ya kweli, na kanisa halipaswi kuipuuza. Hata hivyo, Yeye atakayewaita wafu anamjua kila mmoja, na mahali alipolala.

Je, katika kundi lenu yupo anayemlilia mpendwa ambaye kaburi lake halijulikani? Mtamfariji vipi kwa ahadi hii juma hili?