Mpishi Akila Kwanza

Kazi za uandishi za mtandaoni hukufanya ujue mambo ambayo hukuwahi kuomba kujua. Mwaka jana mteja mmoja alitaka maneno 800 kuhusu pierogi za uyoga, chakula cha Wapolandi. Fikiria sambusa, lakini donge lake ni laini kama la chapati, na badala ya kukaangwa inachemshwa. Ndani mna kabichi iliyochachushwa na uyoga wa msituni uliokaushwa. Huliwa hasa mkesha wa Krismasi, ambao wao huuita Wigilia, mezani pasipo nyama, na desturi ni kuacha sahani moja ya ziada kwa mgeni ambaye hakuna aliyemtarajia.

Maneno niliyamaliza kwa siku moja, nikalipwa, yakaisha. Kilichobaki ni swali. Unapomwekea mgeni chakula ambacho kinaweza kumuua, na hawezi kujua kwa kukitazama, unamwomba nini hasa?

Maana uyoga si kama sukuma. Sukuma ikiharibika unaiona. Maziwa yakichacha yananuka. Lakini kuna Amanita phalloides, ule uyoga wa Ulaya unaoogopwa kuliko wote, na watu walioula wakapona wamesema ulikuwa mtamu. Tumbo huanza kusokota baada ya muda wa saa 6 hadi 12, wakati mwingine zaidi. Halafu mgonjwa anapata nafuu, watu wanashukuru Mungu. Halafu ini linaanza kufa. Kuupika hakuondoi sumu, kuukausha pia hakuondoi. Na zile mbinu za mtaani, ati weka kijiko cha fedha uone kama kitageuka cheusi, ati ukiona wadudu wameula basi hata wewe kula, zote ni uongo.

Huku Bokoli uyoga ni bubwoba, na bubwoba ni wa kichuguu. Mchwa huulima chini kama shamba lao, kwa sababu bila huo hawawezi kumeng'enya miti na majani wanayobeba. Mvua ikishanyesha vizuri, unatokeza juu na shina lenye mzizi mrefu unaoshuka mpaka ndani ya kichuguu. Kukhu, yaani nyanya yangu, huangalia huo mzizi kwanza. Mpelekee uyoga ulioota kwenye gogo au chini ya mikaratusi, hata uwe mzuri namna gani, ataurusha chooni bila kuuliza.

Watu husema kukhu anajua uyoga. Si kweli. Kukhu anajua vichuguu vitatu. Na nadhani ndiyo maana bado yuko hai. Ujuzi wa uyoga hausafiri. Mwaka 1942 Wapolandi waliotoka uhamishoni katika Muungano wa Kisovieti walianza kuletwa Afrika Mashariki wakipitia Iran, wengi wao kina mama na watoto. Karibu 5,000 waliishi Tengeru, karibu na Arusha, ambako makaburi yao yapo hadi leo. Wengine walipelekwa Masindi na Koja, Uganda. Mama aliyeujua msitu wa kwao tangu utotoni alisimama chini ya Mlima Meru akiwa sawa na mtoto mchanga mbele ya uyoga wa hapa. Macho ni yale yale, lakini hayakuwa na kazi tena.

Sasa, kukhu ana desturi. Sufuria ya bubwoba wa njugu ikiiva, yeye huonja kijiko cha kwanza mbele ya kila mtu, kisha ndipo anapakua. Nyumbani wote huchukulia huo kuwa ushahidi. Piga hesabu basi. Kama sumu yenyewe hungoja saa 6, kijiko alichomeza dakika tano zilizopita kinathibitisha nini? Hakuna. Kisayansi ni bure kabisa.

Lakini sikubali kwamba ni bure. Kile kijiko ni dhamana. Anasema, kama ni kufa, name nimo. Ona kilichotokea Leongatha, Australia, Julai 2023. Mwanamke mmoja aliwaalika watu wanne wa familia ya mumewe chakula cha mchana chenye uyoga, kila mmoja na kipande chake. Watatu walikufa. Aliyepona aliiambia mahakama kwamba sahani ya mwenyeji ilikuwa ya rangi tofauti na zao. Mwaka 2025 mwenyeji alipatikana na hatia ya mauaji. Hiyo sahani inanitisha kuliko uyoga wenyewe.

Upande wa pili kuna Poland ya leo. Unaweza kubeba kikapu chako hadi ofisi ya serikali ya afya ya umma, mtaalamu akuchambulie uyoga bure. Yeye haonji. Anaenda zake nyumbani kula anachotaka. Na neno lake lina uzito kuliko kijiko cha kukhu, tukiwa wakweli. (Niliacha chuo mwaka wa pili, kwa hivyo watu hudhani nitatetea kila asiye na cheti. Hapana. Dhamana bila ujuzi maana yake ni mazishi mawili badala ya moja.)

Kinachonikera ni adabu yetu. Kwetu mgeni kukataa chakula ni kama kumtukana mwenye boma. Ukiuliza kimetoka wapi, umeonyesha humwamini. Kwa hivyo mgeni hula kwa aibu, nasi tunaiita imani. Mtu ambaye hana nafasi ya kusema la hajakuamini, manze. Amebanwa tu. Na pierogi ni mbaya zaidi kwa hilo, kwa sababu imefungwa. Huoni ndani mpaka uume.

Desemba nilizipika. Unga wa ngano, chumvi, mafuta kidogo, maji ya moto, kanda mpaka donge lilegee, lifunike nusu saa. Bubwoba ambao kukhu alikuwa ameukausha nililoweka usiku kucha, nikaukatakata, nikaukaanga na kitunguu na kabichi. Sukuma donge jembamba, kata miduara kwa glasi, weka kijiko kimoja, kunja, bana kingo kwa nguvu la sivyo zitafumuka. Zikielea, ngoja dakika mbili, opoa.

Rafiki yangu kutoka Kitale akauliza mbele ya watu wote, "Huu uyoga umetoka wapi?" Shangazi akanitazama.

"Nyuma ya boma, kichuguu cha karibu na mparachichi," kukhu akajibu. "Niliuchuma mwenyewe, mwezi wa nne."

"Samahani kukhu, mimi sitaweza."

"Samahani ya nini, mama? Tumbo si ni lako."

Akaniagiza nikachemshe viazi. Donge lilikuwa limebaki, kwa hivyo nikatengeneza kumi za viazi na kitunguu. Shangazi alikula nne.