Mwana wa Kulea na Haki ya Warithi

Bismillahi Rrahmani Rrahim.

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, aliyegawanya mirathi kwa hukumu yake mwenyewe, wala asiwaachie watu kugawanyiana kwa mapenzi yao. Na rehema na amani zimshukie Bwana wetu Muhammad, na jamaa zake na Masahaba wake.

Ama baada ya hayo, ndugu zangu Waislamu, twataka kusema nanyi habari ya mwana wa kulea. Ni mitaa michache ya miji yetu ya pwani isiyokuwa na nyumba iliyolea mtoto asiyezaliwa humo. Na kulea ni jambo la kheri, na thawabu zake ni kubwa zaidi akiwa ni yatima. Matata huja baada ya matanga, mlezi akiisha kuzikwa na mali ikianza kuhesabiwa. Hapo nduguze maiti husema, "Huyu si wetu," na kijana husema, "Mimi sina baba mwingine." Wote wawili wasema kweli, na aliyewakosanisha amelala kaburini.

Tutazame kwanza sharia ya Wahindu, kwani kwao jambo hili lina historia ndefu, na ada zao za mirathi ziliwafuata hata baadhi ya waliosilimu, kama mtakavyoona. Mhindu asiyekuwa na mwana wa kiume alikuwa na khofu kubwa, kwa kuwa mwana ndiye atimizaye ibada za maiti kwa ajili ya babaye. Kwa hiyo sharia yao ya kale ilimruhusu kutwaa mwana wa mtu mwingine. Mzazi humtoa kwa mkono wake, mlezi humpokea, na tangu saa hiyo mtoto hana tena urithi kwao alikozaliwa, bali hurithi kwa baba mpya kama mwana wa damu.

Mlango huo ulipitisha fitina nyingi. Mjane naye aliweza kumtwalia mumewe mwana hata baada ya kufa kwake, na hukumu zikahitilafiana: katika Bengal ilitakikana idhini ya mume aliyoitoa kabla hajafa, katika Madras ridhaa ya jamaa wa mume ilitosha ikikosekana idhini yake, na katika nchi ya Bombay mjane aliweza bila ya idhini. Na mtoto yule alihesabiwa kana kwamba alikuwako siku alipokufa baba, hata aliyekwisha kurithi aweza kuvuliwa mali aliyonayo. Basi fikirini: idhini ilisemwa chumbani mwa mgonjwa, na msemaji amekufa. Nani atashuhudia? Kesi hizi zilivuka bahari mpaka Baraza la Mfalme huko London, na nyumba zikafilisika.

Hata ufalme ulipotea kwa jambo hili. Gangadhar Rao, mfalme wa Jhansi, alitwaa mwana mwezi wa Novemba 1853, akafa siku ya pili yake. Dalhousie, liwali mkuu wa Waingereza, akakataa kumkiri mtoto kuwa mrithi wa ufalme, na mwaka 1854 akaitwaa nchi. Mjane wake, Lakshmibai, alikufa vitani mwaka 1858.

Wahindu wenyewe wa Bara Hindi waliitengeneza sharia yao mwaka 1956. Mwana wa kulea hawezi tena kumvua mtu mali iliyokwisha kuwa yake, na binti naye akapewa fungu katika mali ya babaye. Na mwaka 2005 akalinganishwa na ndugu yake wa kiume katika mali ya ukoo.

Na sisi je? Hapa ndipo pa kuona haya. Mwaka 1847, huko Bombay, mabinti wa Khoja na wa Memoni walikwenda mahakamani kudai mafungu ambayo Qurani imewapa. Waliowapinga walikuwa Waislamu, jamaa zao, wakasema ada yao tangu walipokuwa Wahindu ni kwamba binti harithi. Hakimu, Sir Erskine Perry, akahukumu kwa ada. Yule alikuwa Mkristo na hatumlaumu sana. Lakini walioiweka ada mbele ya Kitabu walikuwa watu wa kusali. Hatta mwaka 1937 ndipo ilipotoka sharia ya kuwarudisha Waislamu wa Bara Hindi katika hukumu ya dini yao, na mashamba ya kulima yakaachwa nje. Tusiwacheke. Ni wangapi pwani hii wasemao, "Binti ataolewa, minazi isihamie ukoo mwingine"?

Katika Uislamu, Mtume alimlea Zaid, akaitwa Zaid bin Muhammad, mpaka Mungu alipoamrisha katika Sura ya Al-Ahzab watoto waitwe kwa baba zao. Akarudi kuwa Zaid bin Haritha. Mapenzi hayakupungua: Mtume alimpa uongozi wa jeshi la Muta, na huko akafa shahidi. Jina na mirathi ndivyo vilivyorudishwa kwa wenyewe, moyo haukurudishwa.

Basi ewe uliyelea, usimwite mtoto kwa jina lako ili kuwadanganya ndugu zako, wala usimwache mikono mitupu. Yeye si mrithi, kwa hiyo wasia kwake wajuzu, mpaka thuluthi ya mali yako. Andika leo, uwashuhudishe watu wawili waadilifu. Ukitaka kumpa zaidi, mpe hiba ungali mzima, na umkabidhi: nyumba apewe ufunguo, shamba aanze kuangua nazi zake. Kwa Mashafii, hiba isiyokabidhiwa haijakamilika, na ukifa kabla ya kukabidhi, mambo yote yamo mikononi mwa warithi wako. Na ukingoja mpaka maradhi ya mauti, ulichotoa kitahesabiwa katika thuluthi, hata ukikiita hiba.

Wallahu aalam.