Moyo Ukienda Mbio, Nani Aupe Jina?

Wahenga wetu walisema jina jema hung'aa gizani. Kuhusu jina lisilo sahihi hawakusema sana, na hilo wametuachia tulitafakari wenyewe. Katika nchi hizi tunazoishi ugonjwa haupewi jina tu, bali hupewa na namba, na namba hiyo huingia kwenye kompyuta ya hospitali, ikapelekwa kwa kampuni ya bima, ikahesabiwa na serikali, na ikamfuata mgonjwa kila aendako. Hivyo basi tunauliza maswali mawili. Je, ni haki mtu kubandikwa jina la ugonjwa kabla ugonjwa wenyewe haujajulikana? Na je, daktari mwenye huruma anaruhusiwa kuandika zaidi ya anachokijua, ili mgonjwa wake alipiwe?

Tuchukue mfano mmoja tu, ule wa moyo kwenda mbio. Moyo wa mtu mzima aliyetulia hupiga mara 60 hadi 100 kwa dakika. Ukizidi 100, madaktari husema unaenda mbio, lakini hawajasema kwa nini. Huenda mtu ana homa, amepungukiwa damu, tezi ya shingoni inafanya kazi kupita kiasi, au ameogopa. Huenda pia ni hitilafu ya umeme wa moyo wenyewe: umeme unapata njia ya mkato na kuanza kuzunguka, na moyo unaruka ghafla hadi mapigo 150, au hata 200 na zaidi. Hali hii huanza mara moja na kukoma mara moja, kama taa inavyowashwa na kuzimwa. Ikishakoma, mgonjwa akifika hospitali akapimwa umeme wa moyo, mara nyingi kipimo hutoka safi.

Sisi wahandisi tunaijua sana kasoro ya namna hii. Mashine inasumbua wiki nzima, fundi akifika inanguruma kama iliyotoka kiwandani jana. Fundi asiyejua kazi humwambia mwenye mashine kwamba hakuna kitu, anajisumbua bure. Fundi mwenye adabu huandika: kasoro imelalamikiwa, haijaonekana, iendelee kufuatiliwa. Tofauti ya mafundi hawa wawili haiko katika elimu peke yake. Iko katika uaminifu, kwa sababu wa pili amekubali kuandika mwisho wa ujuzi wake.

Sasa tutazame namba zenyewe. Marekani, tangu tarehe 1 Oktoba 2015, hospitali na zahanati hutumia toleo lao la orodha ya kumi ya kimataifa ya magonjwa. Moyo unaokwenda mbio kwa vipindi, kutokana na vyumba vya juu vya moyo au sehemu zilizo karibu navyo, uko chini ya I47.1. Ukitokana na vyumba vya chini, jambo ambalo mara nyingi ni la hatari zaidi, uko chini ya I47.2. Vipindi vikijulikana lakini chanzo kisijulikane, huandikwa I47.9. Mapigo yakiwa ya kasi tu, bila maelezo zaidi, ni R00.0. Mgonjwa akisema anasikia moyo wake ukidunda, ni R00.2. Na daktari akiamua kwamba ni ugonjwa wa hofu ya ghafla, huandika F41.0. Tangu Oktoba 2023 Wamarekani wameigawa I47.1 mara tatu, na hata hapo wamebakiza nafasi ya ile isiyoainishwa.

Herufi hizo si mapambo. Herufi I ni mlango wa magonjwa ya moyo na mishipa ya damu. R ni mlango wa dalili, yaani mambo yaliyoonekana au kusikika bila kuhukumiwa bado. F ni mlango wa magonjwa ya akili. Mtu yule yule, kwa tukio lile lile la dakika ishirini, anaweza kuingizwa katika mlango wowote kati ya hiyo mitatu, kutegemea nani alikuwa zamu na aliuliza nini.

Wapo watakaosema namba ni mambo ya uhasibu tu, haina maadili ndani yake. Hatukubaliani nao. Wapo pia watakaosema namba zote zitupwe, kwani binadamu si mzigo wa kubandikwa lebo. Hao nao hatukubaliani nao. Orodha hii ina historia ya heshima. Mfaransa Jacques Bertillon aliwasilisha orodha yake ya sababu za vifo mwaka 1893, katika mkutano wa wataalamu wa takwimu uliofanyika Chicago, ili nchi mbalimbali ziweze kulinganisha kinachoua watu wao. Shirika la Afya Duniani liliichukua kazi hiyo mwaka 1948, na katika toleo hilo la sita magonjwa ya walio hai yakaingizwa pamoja na sababu za vifo. Bila hesabu ya namna hii kila kijiji kingezika watu wake bila kujua kwamba na kijiji cha pili kinazika kwa sababu ile ile. Kwa hiyo tatizo haliko katika kuhesabu. Liko katika kuandika kwa uhakika kitu ambacho hakina uhakika.

Ajabu ni kwamba hata kanuni za Marekani zinasema mambo mawili juu ya shaka ile ile. Mgonjwa akionwa zahanati na kurudi nyumbani, na daktari akaandika kwamba "huenda" ana ugonjwa fulani, karani wa namba haruhusiwi kuandika ugonjwa huo. Anatakiwa aandike dalili. Lakini mgonjwa huyo akilazwa hospitali, na hadi siku ya kutoka daktari bado anaandika "huenda", karani huandika ugonjwa kana kwamba upo kweli. Shaka ni moja, kitanda ndicho kilichobadilika. Sababu za kiutawala zipo, kwani aliyelazwa ametumia vipimo na dawa za kuuchunguza ugonjwa huo na gharama lazima ionekane mahali. Hata hivyo, anayesoma faili miaka mitano baadaye haoni neno "huenda". Anaona namba.

Na madhara ya jina la haraka si hadithi. Mwaka 1871 daktari Jacob Mendes Da Costa wa Philadelphia alichapisha makala juu ya askari wa Vita vya Wenyewe kwa Wenyewe vya Marekani ambao mioyo yao ilikwenda mbio, vifua vikawauma, na pumzi zikawaishia kwa kazi ndogo. Aliuita moyo wenye hasira nyepesi. Baadaye hali hiyo ilibadilishwa majina mara nyingi, na katika orodha ya kumi ya Shirika la Afya Duniani jina la Da Costa liliwekwa chini ya F45.3, katika mlango wa akili. Huenda kwa askari wengine hapo ndipo mahali pake. Lakini mlango mmoja kwa watu wote ni hukumu, si utambuzi.

Utafiti uliochapishwa Marekani mwaka 1997 uliangalia wagonjwa 107 waliothibitika kuwa na ile hitilafu ya umeme wa moyo. Asilimia 67 walitimiza masharti ya kuitwa wagonjwa wa hofu ya ghafla, na kwa zaidi ya nusu yao ugonjwa wa kweli haukutambuliwa walipochunguzwa mara ya kwanza. Wanawake ndio walioambiwa zaidi kuwa ni wasiwasi au mawazo. Vivyo hivyo, wapo ambao moyo huongeza mapigo 30 au zaidi kwa dakika kila wasimamapo, wengi wao wanawake wa umri mdogo. Wamarekani waliwapatia namba yao wenyewe, G90.A, mnamo Oktoba 2022 tu. Kabla ya hapo ugonjwa ulikuwapo na watu waliumwa, ila orodha haikuwa na chumba chao.

Tuje sasa kwenye swali la huruma. Daktari ana mgonjwa anayehitaji kipimo cha kuvaa mwilini siku kadhaa. Bima inasita kulipa kwa dalili tupu. Akiandika ugonjwa wenyewe, italipa. Je, asiandike? Hoja yake ina uzito: kanuni ya bima inaweza kuwa ya kidhalimu, na anayesaidiwa ni mnyonge. Pamoja na hayo tunaona haifai, na si kwa kuogopa sheria peke yake, ingawa sheria ya Marekani dhidi ya madai ya uongo kwa serikali ilipitishwa mwaka 1863, katika vita vile vile vilivyompa Da Costa wagonjwa wake. Tunaona haifai kwa sababu uongo huo hausemwi kwa bima tu. Unasemwa kwa daktari wa kesho, atakayetoa dawa kwa kuuamini. Unasemwa kwa wahesabuji, watakaodhani ugonjwa umeongezeka. Na unamwangukia mgonjwa mwenyewe. Kabla ya 2014, katika majimbo mengi, kampuni za bima ya afya ziliweza kumkataa mtu binafsi kwa ugonjwa aliokuwa nao zamani. Leo haziruhusiwi, lakini bima ya maisha bado huuliza. Daktari mwenye huruma ana njia nyingine, nayo ni ngumu zaidi: aandike dalili kama zilivyo, kisha aipiganie barua ya kudai kipimo.

Nasi Waswahili tuna sehemu yetu. Lugha yetu husema "kiherehere cha moyo", na neno hilo hilo humwita mtu asiyetulia mahali pamoja. Mama mmoja akisema "nina presha", anaweza kumaanisha shinikizo la damu, moyo kudunda, au fadhaa ya habari zilizofika kutoka nyumbani. Kijana anayemtafsiria akitamka neno lile la Kiingereza linalofanana na "presha", faili linafunguliwa la shinikizo la damu. Bibi akisema "nina wasiwasi na moyo wangu", mtafsiri akabakiza wasiwasi peke yake, bibi ameshaingizwa mlango wa F kabla hajavuliwa koti. Mtafsiri ni mwandishi wa kwanza wa faili la mgonjwa. Amana yake ni kupeleka maneno, si hukumu: ulianza ghafla au polepole, ulikoma vipi, ulidumu dakika ngapi, mapigo yalikuwa mangapi. Kuhesabu mapigo kwa sekunde 15 na kuzidisha kwa nne hakuhitaji shahada. Na palipo na maumivu ya kifua au kuzimia, mambo ya namba yasubiri, ipigwe simu ya dharura kwanza.

Aidha, tujue haki zetu. Sheria ya Marekani inampa mgonjwa haki ya kuona faili lake na kuomba lirekebishwe. Ombi linatakiwa kujibiwa ndani ya siku 60, na likikataliwa, ana haki ya kuweka maelezo yake ya kutokubaliana yakae humo humo. Wengi wetu tumefundishwa tangu utotoni kutomhoji daktari, na heshima hiyo ni nzuri. Lakini kuuliza "mmeniandika nini?" si utovu wa adabu. Mtu huulizwa jina lake kila anapofika dirishani. Si vibaya naye akauliza jina la maradhi yake.

Kwa maoni yetu, basi, namba iliyo ya heshima kuliko zote katika orodha hiyo ndefu ni ile inayodharauliwa, ile isiyoainishwa. Hospitali haiipendi kwa kuwa hailipi vizuri, na wakaguzi huiona kama uvivu. Ikiandikwa na mtu aliyeacha kutafuta, kweli ni uvivu. Ikiandikwa na mtu anayeendelea kutafuta, ni ushahidi wa kweli, tena unaomwachia mgonjwa mlango wazi hadi siku moyo wake utakapokamatwa kwenye karatasi ukiwa mbioni. Asiyejua na akasema hajui, hajamdhulumu mtu.