Hofu Haihitaji Mkalimani



Liko swali linalostahili kufikiriwa na watu wenye akili: Kwa nini mtu alipe fedha yake ili atiwe hofu? Tena, kwa nini akubali kutiwa hofu katika lugha asiyoielewa hata neno moja, huku akisoma tafsiri iliyoandikwa chini ya picha? Wengine hujibu upesi kwamba huo ni upuzi wa watu wasio na kazi. Lakini jibu la upesi mara nyingi ni jibu la mvivu. Afadhali tulipime jambo hili kwa mfano mmoja.

Mwaka 1998 ilitolewa katika nchi ya Japani sinema iitwayo Ringu. Aliyeiongoza ni Hideo Nakata, naye aliifuata hadithi ya Koji Suzuki iliyotoka mwaka 1991. Habari yake ni hii. Iko kaseti ya video, na kila aitazamaye hufa baada ya siku saba. Mwanamke mmoja mwandishi wa habari, jina lake Reiko, aitazama. Kisha mtoto wake mdogo aitazama pia. Katika kuchunguza, agundua kwamba laana yatoka kwa Sadako, msichana mwenye nguvu za ajabu, aliyepigwa na kutupwa kisimani na mtu aliyepaswa kumlea.

Sinema hiyo ilivuka bahari. Watu wa Ulaya waliitazama kwa Kijapani, wakisoma maandishi ya chini. Mwaka 2002 Wamarekani waliitengeneza upya kwa Kiingereza, na mapato yake yakapita dola milioni 200. Hata hivyo wako wengi ambao hadi leo waipenda zaidi ile ya kwanza. Kwa sababu gani?

Kwanza, hofu haihitaji mkalimani. Mama akisikia ukelele wa mtoto gizani, haulizi umepigwa kwa lugha gani. Katika Ringu damu ni kidogo na kimya ni kingi, nacho kimya hakitafsiriwi. Zaidi ya hayo, mtazamaji anayesikia lugha yake aweza kufumba macho na bado akafuata maneno. Lakini anayesoma maandishi ya chini sharti akaze macho kwenye picha, asije akapoteza habari. Basi hana pa kukimbilia.

Pili, ugeni wenyewe una nguvu. Mavazi meupe ya Sadako yawakumbusha Wajapani sanda, na nywele zake zilizofunguliwa wamezizoea tangu zamani katika michezo ya jukwaani ya kabuki, kama ule wa Yotsuya Kaidan wa mwaka 1825. Rie Ino, aliyeigiza Sadako, alikuwa amefundishwa kabuki. Alitembea kinyumenyume mbele ya kamera, kisha picha ikageuzwa, hata akaonekana anakuja mbele kwa viungo visivyokwenda kama vya mtu. Mjapani aona mzimu anaoujua. Mgeni hajui anachokiona. Hata hivyo wote wawili watetemeka.

Tatu, nayo ndiyo sababu kubwa, wote waitambua dhuluma. Katika masimulizi ya Japani mfu wa kuogopwa si kila mfu, bali ni yule aliyedhulumiwa. Huko palikuwa na mwanamke wa kweli, Mifune Chizuko, aliyesemekana kuona vitu vilivyofichwa. Mwaka 1910 Profesa Fukurai Tomokichi alimjaribu mbele ya wataalamu. Shaka na lawama zikamwandama, naye mwaka 1911 akanywa sumu. Mama yake Sadako katika sinema afanana naye sana. Basi kisima kile kimeficha kosa la watu walio hai. Wahenga wetu walisema: mficha maradhi, kifo humuumbua.

Sisi wa Kongo tusiseme kwamba hayo ni mambo ya mbali. Mtoto akiitwa mchawi na kufukuzwa nyumbani, jamaa waliopaswa kumlinda wanachimba kisima kama kile. Katiba yetu ya mwaka 2006 yakataza kumshtaki mtoto uchawi, na sheria ya tarehe 10 Januari 2009 yaweka adhabu. Lakini sheria haifiki usiku chumbani. Hapo dhamiri ya jamaa ndiyo inayotakiwa.

Sasa tufike kwenye mwisho wa habari, mahali palipo na swali zito. Reiko ayapata mabaki ya Sadako, naye adhani laana imekwisha. Sivyo. Agundua kwamba aliponea kwa sababu alinakili kaseti na kumwonyesha mwingine. Basi achukua kaseti, aendesha gari kwenda kwa baba yake mzee, ili mtoto amwonyeshe babu naye apate kupona.

Swali: Je, mama huyu atenda vema?

Jibu: Kumpenda mtoto ni wema, na anayemlaumu upesi bado hajakaa kando ya mtoto mgonjwa. Lakini uhai wa mzee si mali ya binti yake, hata autumie kulipa deni.

Swali: Na kama mzee akikubali mwenyewe?

Jibu: Akiambiwa kweli yote na kujitoa, hiyo ni zawadi, kama ya mtu ajitupaye mtoni kumwokoa mjukuu. Akifichwa, huo ni wizi. Tena tuulize: baada ya babu, nani? Laana ya namna hii haiishi kwa kupokezana. Yaisha siku ile mmoja, kwa hiari yake, akataa kuipeleka mbele.

Sinema haitujibu. Yamwacha mama njiani, chini ya mawingu meusi. Nadhani hapo ndipo watazamaji wa kila lugha hujiona. Kwa maana ziko kaseti nyingi zisizo na picha: masingizio tuliyoyasikia tukayapeleka kwa jirani, chuki tuliyoirithi tukawarithisha watoto, kipigo cha mkubwa tulichomshushia mdogo. Kila mara twapata nafuu kidogo, na mwingine aanza kuhesabu siku zake saba.

Basi si lazima kumkemea kila apendaye sinema za kutisha. Tumwulize tu: Uliogopa nini? Akijibu kwamba aliogopa mzimu, amefurahi saa mbili, na yamekwisha. Akijibu kwamba alimwogopa yule mama kwa sababu naye angefanya vilevile, huyo ameanza kujijua. Mwalimu na akae naye, wazungumze.