Mwenda Mbio Baharini na Amana ya Roho

Ndugu msomaji, mtu akiunda chombo kipya cha kwenda mbio baharini, ni roho ya nani itangulie kuijaribu khatari yake?

Mwaka 1955 Muingereza Christopher Cockerell alianza kwa makopo mawili, moja ndani ya jingine, mashine ndogo ya kupuliza hewa, na mizani ya jikoni. Akaona hewa ipitayo katika mwanya wa makopo yale yaisukuma mizani kwa nguvu zaidi. Akajua kuwa chombo chaweza kuelea juu ya hewa badala ya kulima maji. Tarehe 25 Julai 1959 chombo chake, SR.N1, kikavuka bahari kutoka Calais hadi Dover. Naye mwenyewe alikuwamo, akihamahama sitahani ili uzito wake ukiweke sawa. Vyombo vikubwa vya namna hiyo, vyenye kuchukua abiria na magari, havikuanza kuvusha watu hapo ila mwaka 1968.

Tazama utaratibu huo: kwanza kopo, kisha roho ya muundaji, na abiria mwisho. Hiyo ndiyo amana.

Hata hivyo, jaribio haliondoi khatari. Hutuonyesha mpaka wake tu. Tarehe 30 Machi 1985 upepo ulikisukuma chombo kimoja cha aina hiyo kikagonga ukuta wa bandari ya Dover, wakafa watu 4.

Na kila chombo kina maji yake. MV Skagit iliundwa Marekani, ikafanya kazi upande wa Seattle, katika maji yaliyozungukwa na nchi kavu. Tarehe 18 Julai 2012, katika kusi, ikitoka Dar es Salaam kwenda Unguja, ilizama karibu na Chumbe. Mungu awarehemu waliokufa.

Wapo wasemao: ajali ni kadari. Ni kweli, lakini kuhesabu abiria na kuitazama hali ya bahari tumeachiwa sisi, na tutaulizwa.

Basi nawe abiria una fungu lako. Siku nahodha atakaposema, "Leo hatutoki," usimtukane wala usimharakishe kwa sababu ya biashara au harusi. Huenda mtu huyo ndiye pekee gatini aliyekumbuka kuwa una watoto nyumbani.