Misri kwa Fedha ya Upatu

Ndege kutoka Dar es Salaam au Nairobi ikitua Kairo, wenzetu wengi waliomo hawavuki mlango wa uwanja. Wanaunganisha safari kwenda Ulaya. Wananunua maji kwa bei inayouma, wanajikunja kwenye viti vya chuma, wanapiga picha bango lenye piramidi, kisha wanaitwa kupanda ndege nyingine. Piramidi zenyewe ziko Giza, ng'ambo ya Mto Nile, saa moja na ushee kwa gari kama foleni ina huruma. Waulize kwa nini hawajawahi kufika. Watakujibu: siku moja, nikijaliwa hela.

Makala hii ina adui mmoja, na adui huyo ni hiyo "siku moja".

Hela unayo, ndugu yangu. Tatizo lake ni kwamba ina majina mengine. Inaitwa mchango wa harusi ya mtoto wa jirani, sare ya send-off, ahadi ya kipaimara, kitenge cha shughuli kitakachovaliwa mara moja. Sikwambii uache kuchangia, maana ukoo wako utanitafuta. Nakwambia kitu kingine: watu wanaojua kukusanya mamilioni kwa ajili ya siku moja ya ukumbini, kwa daftari, kwa kamati na kwa mweka hazina mkali, hawawezi kudai kwamba safari ya Misri imewashinda. Chombo mnacho. Upatu, kikoba, chama, kiite upendavyo. Kilichokosekana ni mtu wa kunyoosha mkono na kusema: mzunguko ujao, tuende Misri.

Na uzuri wa safari hii ni kwamba imeumbwa kwa ajili ya kundi. Siku ya piramidi ina gharama za aina mbili. Kuna tiketi za getini, ambazo kila mtu hulipa yake. Mgeni hulipa zaidi ya Mmisri, kama vile Mzungu anavyolipa zaidi yako Ngorongoro au Maasai Mara, kwa hiyo usinune. Mwanafunzi mwenye kitambulisho cha kimataifa cha wanafunzi hupunguziwa, mara nyingi hadi nusu. Halafu kuna gari, dereva, mafuta na mwongoza watalii. Hizo ni gharama za siku nzima, muwe wawili au saba. Mtu mmoja akizibeba zitamlemea, saba wakigawana wanashangaa walichokuwa wanaogopa. Ukiwa peke yako bado hujakwama: hosteli na mawakala wa Kairo huuza nafasi moja moja kwenye gari la pamoja, unaketi na Mbrazili upande huu na Mkorea upande ule, na siku inakwenda.

Sasa sikiliza mahali ninapotaka uwe mbishi. Ukibana, bana kwenye hoteli. Kitanda cha hosteli katikati ya Kairo kinatosha, hukwenda Misri kulala. Bana kwenye chakula: sahani ya koshari, yaani wali, adesi, tambi, dengu na vitunguu vya kukaanga chini ya rojo la nyanya, inakushikilia hadi jioni kwa fedha kidogo. Panda metro ya Kairo, ya kwanza Afrika, iliyofunguliwa mwaka 1987. Lakini kwa mwongoza watalii, usibane. Wapo wanaofika Giza kwa teksi, wakazunguka saa moja juani, wakarudi na picha arobaini za mawe. Walilipa nauli yote ile kuja kuona rundo.

Mwongoza watalii halali Misri ana leseni ya serikali, na wengi wao wamesomea kazi hiyo chuo kikuu. Omba kuona kitambulisho chake, hatakasirika. Kisha mwambie mpango wenu kwa sauti ya mteja anayejua anachotaka: Saqqara kwanza, Dahshur ya pili, Giza mwisho. Ziara nyingi za bei ya chini huishia Giza tu, kwa sababu ndiko jina liliko. Usikubali. Ongezeko la gharama kwa kwenda kote kutatu, likigawanywa kwa kundi, ni dogo, na ndilo linalofanya siku nzima iwe na maana. Ukianzia Giza unaona muujiza uliodondoka kutoka mbinguni. Ukianzia Saqqara unaona watu wanajifunza kazi.

Muwe Saqqara, kilomita kama 30 kusini mwa Kairo, geti likifunguliwa. Pale yupo Djoser, mfalme wa karne ya 27 KK. Kabla yake wafalme walizikwa chini ya majengo mapana ya matofali ya udongo, bapa kwa juu. Imhotep, msimamizi wake mkuu, akathubutu mambo mawili: akatumia jiwe, na akapandisha jengo moja juu ya jingine mpaka yakawa sita, yakaenda juu mita zipatazo 62, kama sufuria za shughuli zilizopangwa, kubwa chini na ndogo juu. Hiyo ndiyo piramidi ya kwanza. Ukarabati wake wa karibuni ulichukua miaka 14 na kukamilika mwaka 2020, kwa hiyo unaikuta imesimama vizuri. Hatua chache kutoka pale ni piramidi ya Unas. Kwa nje imebomoka kiasi kwamba ungeipita bila kugeuka. Ndani, kuta zimejaa maandishi ya kumwombea mfalme safari njema ya ahera, yaliyochongwa yapata mwaka 2350 KK, ya zamani kuliko mengine yote ya aina yake. Hapo ndipo utamshukuru mtu uliyemlipa.

Dahshur, kusini zaidi, ndiko ningekaa kutwa nzima. Mabasi makubwa ya watalii huwa machache, wauza shanga pia. Huko alijenga Sneferu, na kama kuna Farao wa kuwapa moyo watu wanaoanza jambo, ni huyu. Alihangaika na piramidi ya Meidum. Akahamia Dahshur, akaanza nyingine yenye mteremko mkali wa nyuzi kama 54. Katikati ya kazi jengo likaanza kuleta wasiwasi, nyufa zikatokea, na mafundi wakaupunguza mteremko hadi kama nyuzi 43 kwa sehemu ya juu iliyobaki. Ndiyo maana mpaka leo piramidi ile ina mgongo uliopinda, kosa lenye urefu wa mita zaidi ya 100, mbele ya macho ya kila apitaye, kwa miaka 4,600. Hakulivunja. Hakulificha pia. Akaenda mwendo mfupi kaskazini, akaanza ya tatu, safari hii kwa nyuzi 43 tangu chini. Ikasimama. Ndiyo Piramidi Nyekundu, ya kwanza duniani kufanikiwa kuwa na pande zilizonyooka. Ile iliyopinda ilifunguliwa kwa wageni mwaka 2019, na unaweza kuingia.

Mimi ningekusukuma uingie Nyekundu. Unapanda ngazi za nje mpaka mlangoni, kisha unateremka njia nyembamba ya zaidi ya mita 60, umeinama mwili mzima, mapaja yakilalamika. Hewa ni nzito na ina harufu kali. Chini kuna vyumba ambavyo dari zake zinabana hatua kwa hatua kwenda juu, jiwe likizidi kusogea juu ya jiwe, na hakuna saruji hata kijiko. Mwenye pumu au magoti mabovu abaki nje na dereva, si aibu. Wengine wote, ingieni, na kesho yake mkishuka ngazi za hosteli mtajua mliingia.

Kisha Giza. Khufu alikuwa mtoto wa Sneferu, na sasa unaelewa alirithi nini: mafundi waliokwisha kukosea kwa niaba yake. Piramidi yake ilikuwa na mita zipatazo 146, leo imebaki na kama 138, kila upande una mita 230 chini, na mawe yanakadiriwa kufikia milioni 2.3. Kwa takriban miaka 3,800 hapakuwa na jengo refu kuliko hilo lililojengwa na binadamu. Wageni huingilia njia iliyotobolewa, ambayo kwa mapokeo hutajwa kuwa kazi ya watu wa Khalifa al-Ma'mun wa Baghdad katika karne ya 9. Tiketi ya ndani ni ya pembeni na si rahisi. Kama mfuko umebana na Piramidi Nyekundu umeshaingia, iache bila majuto.

Kinachostahili muda wako Giza ni habari za waliobeba. Tulifundishwa kwamba ni watumwa waliochapwa viboko. Mwaka 1990 farasi alijikwaa kwenye ukuta uliofunikwa na mchanga kusini mwa Sphinx, na hapo yakaanza kuonekana makaburi ya wafanyakazi wenyewe, waliozikwa kwa heshima karibu na mfalme wao. Jirani wachimbaji wakakuta mabaki ya mji wao: mahali pa kuokea mikate na mifupa mingi ya ng'ombe, kondoo na mbuzi. Watu hawa walilishwa nyama. Magenge yao yaliacha majina kwenye mawe, moja likijiita Marafiki wa Khufu, na jingine, kwenye piramidi ya mjukuu wake, Walevi wa Menkaure. Kila niwazapo genge hilo la pili nasikia vijana wa kijiweni wakitaniana zege likipanda.

Yupo pia mtu mwenye jina. Mwaka 2013, huko Wadi al-Jarf kwenye pwani ya Bahari ya Shamu, timu ya Pierre Tallet ilipata mafunjo ya zamani zaidi yenye maandishi, na ndani yake kumbukumbu za kazi za msimamizi aitwaye Merer. Alikuwa na kikosi cha watu kama 40 na chombo chake, akichukua mawe meupe ya chokaa Tura na kuyavusha hadi Giza msimu mto ulipofurika. Si mfalme, si kuhani. Nahodha wa mizigo anayeandika leo tumepakia, kesho tunashusha. Mafuriko yale, tuseme ukweli, yalitoka zaidi nyanda za juu za Ethiopia kuliko kwetu. Lakini mto uliombeba Merer una mkono wake mmoja Ziwa Victoria, na mtu wa Mwanza, Kisumu au Jinja anayesimama pale akijiita mgeni kabisa anajipunja.

Sasa mitego, upesi. Ziara ikiwa rahisi kupita kiasi, jua kuna mtu mwingine anailipia, naye ni mwenye duka. Utapelekwa kwenye duka la marashi na la "mafunjo", chai italetwa, saa zitakwenda, na mwongozaji atachukua kamisheni yake. Kabla ya kulipa, andikiana na wakala: hatutaki maduka, tiketi zimo au hazimo, gari lina watu wangapi, chakula ni cha nani. Mwenye ngamia ana bei ya kupanda, na ukiwa juu huko atakukumbusha bei ya kushuka, kwa hiyo patanieni yote mawili mkiwa bado mmesimama ardhini. Anayekushika mkono getini akidai tiketi yako imekwisha muda hafanyi kazi pale. Beba noti ndogo za bakshishi, na kadi ya benki kwa madirisha ya tiketi. Miezi ya Oktoba hadi Aprili ina hali ya hewa ya kiungwana. Julai hoteli hushuka bei, nawe utaelewa kwa nini kabla ya saa nne asubuhi.

Lugha isikutishe. Wazee wetu waliizoea Kairo kwa masikio tangu miaka ya 1950, redio yake ilipotangaza kwa Kiswahili, na Chuo Kikuu cha Al-Azhar kimepokea vijana wa Zanzibar, Mombasa na Tanga madarasani. Ulizia kwenu msikitini au mtaani, utampata mwenye mpwa kule, na mpwa huyo anajua bei halisi ya kila kitu kuanzia koshari hadi gari la kutwa. Mpigie simu kabla hujamlipa wakala yeyote, na ukienda mpelekee unga wa ugali.

Basi anzeni leo jioni. Fungua kundi la simu, lisizidi watu saba ili mtoshe gari moja. Chagueni mweka hazina, yule yule asiyecheka kwenye kamati za harusi. Pangeni kiasi cha kila mwezi ambacho hata mwenye genge la nyanya atakimudu, na fedha ikishaingia isitoke hata kwa msiba wa shemeji wa jirani. Ubalozini waulizeni viza mapema. Ambaye hana pasipoti asisubiri tiketi ndipo akimbilie Uhamiaji. Aende Jumatatu, na picha, na cheti cha kuzaliwa, na uvumilivu. Na wekeni sheria moja: wa kwanza kuituma picha ya pasipoti yake kwenye kundi ndiye anayechagua tarehe.