Utu wa Mwovu: Bernd Eichinger na Mlango Uliofungwa

Je, msanii ana idhini ya kumvika mwovu sura ya utu? Swali hili lilizuka upya nchini Ujerumani mwaka 2004, filamu ya Der Untergang ilipoanza kuonyeshwa. Iliongozwa na Oliver Hirschbiegel, lakini aliyeandika mswada wake na kuitayarisha ni Bernd Eichinger (1949–2011). Tangu ajiunge na kampuni ya Constantin Film mwaka 1979, Eichinger alijipatia sifa kwa kugeuza vitabu kuwa filamu, ingawa si kila mwandishi aliyemshukuru. Michael Ende alichukizwa mno na filamu ya 1984 iliyotokana na riwaya yake Die unendliche Geschichte, hata akataka jina lake liondolewe.

Safari hii Eichinger alitegemea kitabu cha mwanahistoria Joachim Fest pamoja na kumbukumbu za Traudl Junge, aliyekuwa karani wa Hitler. Hitler anayeigizwa na Bruno Ganz anatetemeka mkono, ni mpole kwa makarani wake, na papo hapo hajali raia wanaoangamia mitaani Berlin. Wahakiki waliolalamika kwamba mhusika huyu ni binadamu kupita kiasi walikosa shabaha. Zimwi halihukumiwi, kwani halina hiari. Awajibikaye ni binadamu.

Lawama ya Wim Wenders ilikuwa na uzito zaidi. Alitaka kujua filamu yenyewe ina msimamo gani, na kwa nini kifo cha Hitler kifichwe ilhali vifo vya wengine vinaonyeshwa. Yamkini jibu ni la mtazamo: Junge hakuwamo chumbani, anasikia tu mlio wa risasi akiwa na watoto wa Goebbels. Lakini watoto hao sita wanapouawa na mama yao kwa sumu, mmoja baada ya mwingine, Junge hayumo vilevile, na kamera haigeuki. Basi mtazamo wa karani unashikiliwa panapofaa na kuachwa pasipofaa.

Doa kubwa zaidi limo katika mhusika mdogo, daktari Ernst-Günther Schenck. Kwenye filamu ndiye sauti ya huruma, anayehangaika na majeruhi na wazee walioachwa. Schenck wa historia alikuwa afisa wa SS aliyehusika na majaribio ya lishe kwa wafungwa wa kambi ya Mauthausen, jambo ambalo wanahistoria walilikumbusha. Hapa utu haukutumiwa kuufafanua uovu. Uovu wenyewe umefutwa. Mtazamaji hawezi kudanganywa kuhusu Hitler, ambaye anamjua tangu shuleni. Kuhusu Schenck, anaweza.

Mwishoni anatokea Junge halisi, mzee, katika mahojiano yaliyorekodiwa kabla hajafariki mwaka 2002. Anasimulia alivyopita penye kibao cha ukumbusho wa Sophie Scholl, msichana wa rika lake aliyeuawa mwaka 1943 kwa kumpinga Hitler, akatambua kwamba ujana si udhuru. Maneno hayo hayakutungwa na Eichinger, ila ni yeye aliyeona yanahitajika baada ya zaidi ya saa mbili za karani asiyejua lolote. Schenck hakuwekewa mwisho wa namna hiyo.